Tsukamoto anakula nini? Jibu kwa mpiga video wa Morogoro

Swali: "Mwalimu, shikamoo. Mimi ni mpiga video za harusi na mahafali hapa Morogoro. Rafiki yangu alinionyesha filamu ya Kijapani inaitwa Tetsuo, ya mtu anayegeuka chuma. Sikuielewa vizuri lakini usiku sikulala. Nimesoma kwamba aliyeitengeneza, Shinya Tsukamoto, mpaka leo anatengeneza filamu zake mwenyewe bila studio. Naomba unieleze, mtu kama huyo anakula nini? Alianzaje, na amewezaje kudumu miaka yote hiyo? Nikitaka kutazama nyingine nianze na ipi?"

Marahaba, mdogo wangu. Nianze na hilo la kula, maana wanafunzi wengi wa filamu hulikwepa, wakakimbilia kuuliza kamera gani ilitumika. Tsukamoto hajaishi kwa filamu za majaribio peke yake. Aliwahi kuongoza matangazo ya biashara, na baadaye kwa miaka mingi amekuwa mwigizaji wa kulipwa katika filamu na tamthilia za wenzake, pamoja na kazi za usimulizi wa sauti. Ukiitazama Silence ya Martin Scorsese (2016), utamwona mwanakijiji Mkristo anayefungwa msalabani ufukweni, bahari ikajaa na mawimbi yakampiga huku akiimba. Mwanakijiji huyo, Mokichi, ni Tsukamoto. Yumo pia katika Ichi the Killer ya Takashi Miike (2001) na katika Shin Godzilla (2016). Malipo ya kazi kama hizo hayangoji filamu yako mwenyewe iuze tiketi.

Huo ni upande wa mapato. Upande wa matumizi ndio unaoeleza zaidi kwa nini bado yupo. Filamu zake nyingi ameandika, ameongoza, ameshika kamera, amehariri na kuigiza mwenyewe, na kampuni inayozitengeneza, Kaijyu Theater, ni yake. Filamu inayohitaji watu sitini inahitaji tajiri wa kuwalipa. Yake mara nyingi imehitaji watu wachache, na kati ya hao wachache yeye peke yake anafanya kazi ya watano. Watu husema uhuru wa msanii uko moyoni. Mimi nikitazama maisha ya Tsukamoto naona uko kwenye orodha ya mishahara.

Sasa alianzaje. Alizaliwa Tokyo tarehe 1 Januari 1960, akaanza kutengeneza filamu akiwa na miaka 14 kwa kamera ya milimita 8, yaani upana wa mkanda wa filamu. Ya kwanza, Genshi-san ya mwaka 1974, ilitokana na katuni za Shigeru Mizuki. Huenda wewe hukuwahi kuishika kamera ya aina hiyo. Kaseti moja hutoa dakika tatu hivi za picha, kisha unaipeleka ikasafishwe, ndipo unaona ulichokipata. Kijana anayejifunza kwa chombo kama hicho hapigi ovyo. Anapanga kwanza, kwa sababu kila sekunde ina bei.

Wakati huo sinema ya Japani ilikuwa imeyumba vibaya. Mwaka 1958 ziliuzwa tiketi zaidi ya bilioni 1. Kufikia miaka ya 1980 zilikuwa chini ya milioni 200 kwa mwaka. Televisheni ilikuwa imeingia majumbani. Zamani kijana aliyetaka kuwa mwongozaji aliajiriwa na studio, akawa msaidizi kwa miaka mingi akibeba mizigo na kupokea amri, mpaka siku akipewa filamu yake. Studio zilipodhoofika njia hiyo ikaziba. Vijana wakaanza kutengeneza filamu kwa pesa zao, kwa kamera za familia, wakionyeshana kwenye kumbi za vyuo. Mwaka 1977 likaanzishwa tamasha la filamu la Pia jijini Tokyo, ambalo mpaka leo hupokea kazi za watu wasio na jina. Mwongozaji Kiyoshi Kurosawa alijulikana kupitia mlango huo. Tsukamoto naye pia, ila alizunguka kwanza.

Alisoma sanaa katika Chuo Kikuu cha Nihon, akawa na kundi la maigizo, kisha akaajiriwa katika kampuni ya matangazo. Hapo, mdogo wangu, ndipo maisha yake yanapokaribiana na yako. Tangazo la sekunde 30 linafundisha mambo ambayo shule ya filamu huyachelewesha, kama kuwasha taa haraka, kukata picha bila huruma na kumaliza kazi siku uliyoahidi. Nadhani wepesi ule wa mikato uliokunyima usingizi ulianza kunolewa kwenye ajira ile. Aliiacha kazi hiyo, akarudi kwenye maigizo, na maigizo ndiyo yaliyomrudisha kwenye filamu. Mchezo mmoja wa kundi lake ulihusu mvulana mwenye nguzo ya umeme iliyoota mgongoni. Mwaka 1987 akaugeuza kuwa filamu ya milimita 8, na mwaka uliofuata ikashinda tuzo kuu ya tamasha la Pia. Kabla yake, mwaka 1986, alikuwa ametengeneza filamu fupi, The Phantom of Regular Size, ambayo ukiiona leo unaiona Tetsuo ikiwa bado kichanga.

Tetsuo yenyewe nataka niizungumzie kwa kirefu, kwa sababu hadithi ya utengenezaji wake husimuliwa vibaya. Ilitoka mwaka 1989. Ni ya milimita 16, nyeusi na nyeupe, dakika 67. Mfanyakazi wa ofisini na mpenzi wake wanamgonga mtu kwa gari, mtu ambaye alikuwa na mazoea ya kujichomeka vyuma mwilini. Baada ya hapo mwili wa mfanyakazi unaanza kutoa vyuma, kidogo kidogo, mpaka hakuna tena mtu wa kuonekana. Tomorowo Taguchi ndiye mfanyakazi. Aliyegongwa ni Tsukamoto. Mpenzi wa mfanyakazi ni Kei Fujiwara, ambaye pia alishika kamera kwa zamu na Tsukamoto, akashughulikia mavazi, na nyumba aliyokuwa akiishi ndiyo iliyogeuzwa kuwa kiwanda cha filamu. Vyuma unavyoviona kwenye ngozi ya Taguchi ni vipuri vya televisheni mbovu na takataka nyingine za umeme, vilivyobandikwa kwa gundi ya utepe.

Na zile mbio za barabarani, ambapo watu wanateleza kama wana magurudumu miguuni, zimepigwa fremu moja moja. Mwigizaji anasimama, unapiga fremu, anasogea hatua moja, unapiga nyingine. Sekunde moja ya filamu ina fremu 24, kwa hiyo piga hesabu mwenyewe mwigizaji alisimama mara ngapi juani au kwenye baridi kwa dakika moja tu ya mbio. Hakuna mashine iliyofanya hivyo. Waliilipia kwa muda na kwa mwili, na ukitazama vizuri uso wa Taguchi unaona uchovu usioigizwa.

Wanaoisimulia hadithi hii husema: tazama, kijana maskini, hana kitu, na bado ametengeneza filamu ya dunia nzima. Wanaacha sehemu nyingine. Upigaji picha ulichukua zaidi ya mwaka. Watu walikuwa wanalala palepale wanapofanyia kazi, malipo hakuna, na mwongozaji anataka kila kitu kirudiwe. Mmoja baada ya mwingine wakaondoka. Mwishoni Tsukamoto alibaki na wachache sana, na amewahi kusimulia kwamba ilifika mahali alitamani kuichoma moto filamu nzima. Wahenga walisema kidole kimoja hakivunji chawa. Yeye alijaribu kuwabishia na karibu apoteze vidole vyote. Kwa hiyo nikisikia kijana anasema atawafanyisha kazi rafiki zake bure miezi kumi na minane kwa sababu Tsukamoto alifanya hivyo, namwambia aangalie majina yaliyoondoka, asitazame bango peke yake.

Filamu ilipokamilika Japani haikushangilia mara moja. Ilipelekwa Roma, kwenye tamasha la Fantafestival la filamu za kutisha na za kubuni, ikachukua tuzo kuu, na habari hizo ndizo zilizoifungulia milango nyumbani. Ilionyeshwa katika ukumbi mdogo wa Nakano Musashino Hall jijini Tokyo. Kumbi ndogo za aina hiyo, zenye wamiliki wanaochagua filamu kwa mapenzi yao, zimebeba sinema huru ya Japani kuliko tuzo zote. Filamu inaweza kukaa hapo wiki nyingi ikijazwa na watu wachache wachache, jambo ambalo ukumbi mkubwa hauwezi kulivumilia.

Baada ya Tetsuo studio zikaja zenyewe, naye hakuzikataa. Watu wanapenda kumpamba kama mtawa aliyekataa pesa, lakini sivyo. Mwaka 1991 aliongoza Hiruko the Goblin kwa pesa za kampuni, filamu ya majini shuleni yenye mzaha mwingi. Inachekesha, lakini angeweza kuiongoza mtu mwingine na tusingejua. Gemini ya mwaka 1999, iliyotokana na hadithi ya Edogawa Rampo, nayo ilikuwa ya kuajiriwa, na hiyo ni miongoni mwa kazi zake nzuri kabisa, yenye rangi na mavazi ambayo mfuko wake mwenyewe usingeyamudu. Nightmare Detective (2006) na mwendelezo wake wa mwaka 2008 zililenga soko la filamu za kutisha. Kwa hiyo kanuni yake, kama ipo, haikuwa kuikwepa studio. Alikubali kuajiriwa kwa filamu fulani fulani na kurudi kwake kwa zile ambazo hakutaka mtu aziguse.

Zile za kwake za miaka hiyo ndizo zinazomtambulisha. Tokyo Fist (1995) ni ya ngumi, na ndani yake anapigana na mdogo wake wa damu, Koji Tsukamoto. Bullet Ballet (1998) ni ya mwanamume anayeisaka bastola katika mji ambao raia hana ruhusa ya kuwa nayo. A Snake of June (2002) imepakwa rangi ya samawati kavu na mvua hainyamazi tangu mwanzo. Tamasha la filamu la Venice, Italia, liliipa tuzo maalumu ya majaji. Zote hizo zinauliza jambo moja: mtu wa mjini, aliyebanwa na zege na ofisi, anawezaje kuuhisi tena mwili wake? Majibu yake si ya heri kila mara. Wamarekani waliwahi kuitamani Tetsuo, mazungumzo yakaendelea miaka na miaka bila kuzaa chochote, mwisho akatengeneza mwenyewe ya tatu, kwa Kiingereza, Tetsuo: The Bullet Man (2009). Kwangu hiyo ndiyo dhaifu kuliko zote zenye jina hilo.

Umeuliza amewezaje kudumu. Kisa kinachojibu vizuri zaidi ni cha Fires on the Plain (2014). Riwaya yake ni ya Shohei Ooka, aliyekuwa askari wa Japani nchini Ufilipino wakati wa Vita Kuu ya Pili, na Kon Ichikawa alikwisha kuitengenezea filamu mwaka 1959. Inamhusu askari mgonjwa, Tamura, anayefukuzwa na kikosi chake na kukataliwa na hospitali, akabaki anatangatanga msituni kati ya watu wanaokula chochote kipatikanacho, hata kile kisichotajika. Wajapani zaidi ya 500,000 walikufa Ufilipino, wengi wao kwa njaa na maradhi. Tsukamoto aliisoma riwaya hiyo akiwa mwanafunzi wa sekondari na akaitamani kwa miongo. Alikwenda kuwahoji wazee waliorudi kutoka vita hivyo, ambao tayari walikuwa na zaidi ya miaka 80. Kila alipobisha kuomba pesa, mlango haukufunguliwa. Mwanzoni walimwambia ni ghali. Baadaye, kama alivyoeleza mwenyewe, akaona hali ya nchi inabadilika na watu hawataki tena kuweka pesa kwenye filamu inayoonyesha askari wa Japani katika hali ile.

Wazee wale walikuwa wanakufa. Ndipo akaamua kutokusubiri. Alitaka mwigizaji mwenye jina amcheze Tamura. Pesa haikuwepo, akacheza mwenyewe. Aliomba watu wa kujitolea kupitia mtandaoni, wakaja, wengi wao hawajawahi kufanya kazi ya filamu, na hao ndio walioshughulika na mavazi na vifaa. Sehemu ilipigwa Ufilipino na watu wachache sana, nyingine ndani ya Japani. Ikachaguliwa kushindania tuzo kuu ya Venice. Ilipotoka Japani, Julai 2015, miaka 70 baada ya vita, alizunguka kumbi ndogo za mikoani akisimama mbele ya watazamaji kujibu maswali yao. Mwongozaji wa miaka 55, mwenye jina Ulaya nzima, anauza filamu yake ukumbi kwa ukumbi.

Ninachokiona humo ni kwamba uwezo wa kufanya kazi za watu watano, alioupata kwenye nyumba ya Kei Fujiwara akiwa kijana, ndio uliomwokoa miaka 25 baadaye. Angekuwa amezoea kukaa kwenye kiti cha mwongozaji na kuagiza, filamu hiyo isingekuwepo. Na tofauti ya mara hii ni kwamba waliokuja walijua tangu mwanzo wanajitolea na wanajitolea kwa ajili ya nini.

Jambo jingine lililomdumisha ni kuzishika kazi zake mkononi. Filamu anayoitengeneza kwa kampuni yake inabaki mali ya kampuni yake. Kwa hiyo ukumbi unapotaka kuirudia Tetsuo, au msambazaji wa nje anapotaka kuitoa upya, mazungumzo ni naye. Mwaka 2020 kampuni ya Uingereza, Arrow Video, ilitoa sanduku lenye filamu zake kumi. Kazi ya mwaka 1989 ikinunuliwa tena baada ya miaka 31 si utajiri, lakini ni kodi ya nyumba. Vijana wengi huuza filamu ya kwanza moja kwa moja kwa bei ya njaa, na ikija kupata jina wanaitazama kama wapita njia wengine.

Na ana watu. Ukisikia mtu mmoja anafanya yote, usidhani yuko peke yake. Chu Ishikawa, aliyetunga ule muziki wa kugonga vyuma katika Tetsuo, alikaa naye tangu hapo karibu kila filamu mpaka alipofariki Desemba 2017. Wakati huo Tsukamoto alikuwa akitengeneza Zan, filamu ya samurai asiyeweza kuua mtu. Hakumtafuta mtunzi mwingine. Alichambua kumbukumbu za Ishikawa, zikiwemo kazi ambazo hazikuwahi kutumika, akazipanga kwenye picha. Filamu ikaenda Venice mwaka 2018.

Katika swali lako umetaja video za harusi kama mtu anayeomba radhi. Usiombe. Hiyo ndiyo ajira yako ya matangazo. Unajua kupiga tukio lisilorudiwa, unajua sauti inavyoharibika ukumbini, unahariri usiku na kukabidhi asubuhi. Usichoweza kuchukua kwake ni Japani yenyewe. Yeye alikuwa na tamasha la kupokea filamu za vijana, kumbi ndogo za kuzionyesha, na gazeti la kuandika kwamba zimeonyeshwa. Wewe huna vitu hivyo Morogoro, na ni heri kulijua hilo mapema, ukatenga nguvu ya kutafuta mahali pa kuonyesha sawa na unayotenga kupiga picha. Unachoweza kuchukua ni kipimo. Kabla ya kuandika hadithi, hesabu una nini: nyumba gani utaingia bila kulipa, nani atakuja siku nne mfululizo, na wewe mwenyewe unaweza kazi ngapi bila kuharibu. Kisha andika filamu inayoenea humo. Tetsuo ilienea kwenye nyumba moja, barabara chache na lundo la televisheni mbovu.

Kuhusu kutazama, usiende kwa mpangilio wa miaka. Anza na Zan, ambayo kimataifa huitwa Killing. Ni fupi, dakika 80, na hadithi yake inashikika. Fuata na Fires on the Plain, halafu Shadow of Fire ya mwaka 2023, kuhusu mama mjane na mtoto yatima katika mji ulioungua baada ya vita. Hizo tatu zinazungumza pamoja. Ndipo urudi nyuma kwenye Tokyo Fist na Gemini. Kotoko ya mwaka 2011, aliyoitengeneza na mwimbaji Cocco kutoka Okinawa, kuhusu mama anayepoteza uwezo wa kutofautisha yaliyopo na asiyoyaona mwingine, iache mwisho. Ilipata tuzo ya sehemu ya Orizzonti kule Venice, na ni filamu kubwa, lakini ina mama anayejiumiza na mtoto aliye hatarini, na kama nyumbani kuna mtu aliyepitia hayo usiiwashe naye yupo. Hata Tetsuo yenyewe si ya sebuleni mbele ya wazazi, kama ulivyokwisha kuona. Ukiirudia, izime sauti mara moja na uitazame picha tupu, kisha fumba macho uisikilize. Utajua haraka ni kiasi gani cha woga wako kilitoka kwa Ishikawa.